Uzi Mwekundu wa Waya Namba Nne

Kwa hiyo tulichagua pazia za manjano, Mzee, si zile za kijani ulizosema zitavumilia vumbi. Salome alikinyanyua kitambaa kwenye mwanga wa mlango wa duka, akanichungulia kwa juu yake, macho peke yake yakionekana, na mimi nikasema hicho hicho. Angenyanyua gunia ningesema gunia. Vumbi limeshazipata, ulisema kweli. Lakini asubuhi jua likitokea upande wa vilima vya Bahati, chumba kizima kinakuwa kama ndani ya chungwa, na yeye amelala humo katikati, na mimi nasimama na birika mkononi nikishindwa kumwamsha.

Nakuandikia habari za pazia kwanza kwa sababu ndizo ulizoniuliza mara ya mwisho. Ulikuwa umekalia sanduku lako la vifaa nje ya nyumba hii, unangoja Landrova ikuteremshe na mizigo, na mkeo Mama Wangare alikuwa amekwisha kutangulia Subukia na vyombo. Badala ya kusema lolote juu ya barua ya kuachishwa kazi, ukaniambia, "Nyumba watakupa wewe sasa, una bibi. Tafuteni pazia. Mwanamke hawezi kukaa na madirisha matupu kama ofisi." Nikasema sawa, Mzee. Ukasema za kijani. Halafu gari likaja, dereva akapiga honi kana kwamba sisi sote viziwi, na wewe ukapanda mbele, ukaweka kofia yako magotini. Sikujua kwamba nilikuwa naiangalia kofia ile kwa mara ya mwisho.

Sasa una wiki saba kwenye udongo wa Subukia, na mimi sijui barua hii nitaipitisha wapi. Huu ndio ujinga wa hali yangu. Kila siku napanda kilimani, naingia kwenye chumba chetu cha mitambo ya simu chenye baridi, na mikononi mwangu zinapita sauti za watu kutoka Nairobi kwenda Kitale, Kisumu, Eldoret, watu wanauza mahindi, wanaagiza dawa, wanaulizana hali. Zinafika zote. Yangu moja tu ndiyo haina njia.

Nina furaha, Mzee. Lazima nikuambie hilo pia, hata kama naona aibu. Sikujua mtu anaweza kufurahi kiasi hiki kwa kuona viatu viwili vidogo kando ya vyake. Salome huimba akisahihisha madaftari ya watoto wa darasa la pili, na akikuta mtoto ameandika kitu cha kuchekesha ananiita nikaone, hata kama nina sabuni usoni. Amepanda sukumawiki pale Mama Wangare alipokuwa na vitunguu. Amenikataza kunywa chai nikiwa nimesimama. Nampenda mpaka naogopa. Halafu, katikati ya hiyo furaha, nakumbuka kwamba nyumba ninayofurahia ndani yake ni yako, na najua sasa kwa nini ninayo.

Ngoja nianze mwanzo. Mwenyewe ulinifundisha kwamba hitilafu hufuatwa kutoka upande ulio mzima.

Siku yangu ya kwanza kilimani nilikuja na cheti changu cha kidato cha nne kwenye bahasha, nikifikiri utakisoma. Ukanipa kikombe chako cha bati, kitupu, na waya moja ya kuunganishia yenye plagi mbili. Nikadhani unataka nikachote chai. Ukasema, "Izungushe hapo kwenye mdomo wa kikombe. Ukiikunja mduara mdogo kuliko huo, inaumia ndani na wewe huoni kidonda." Mpaka leo nikikunja waya nakiona kikombe kile, na palipobanduka rangi karibu na mshikio.

Ukanifundisha kushika shingo ya plagi na kutovuta mkia wake. Ukanifundisha pamba na spiriti, na siku uliponikamata nikipangusa pini kwa pindo la shati ulinifanya nioshe zote upya, ishirini na kitu, kwa sababu jasho la mtu halionekani lakini lipo. Na zile kofia ndogo za plastiki. "Plagi isiyokuwa kazini ivae kofia," ulisema. "Wewe mwenyewe hutembei uchi barabarani Nakuru." Nilikuwa nacheka, lakini nilizivisha. Vumbi la huku, hasa Februari upepo ukitoka ziwani, linaingia hata kwenye saa ya mkononi.

Halafu ukaniletea zile mbili zinazofanana. Ukaziweka mezani, ukaniuliza ipi ni ipi. Niligeuza, nikanusa, nikapima kwa macho. Plagi zile zile, mng'ao ule ule, unene wa waya ule ule. Ukanishika kidole, ukagusisha ukucha wangu kwenye pini ya hii, kisha ya ile. Moja nene kidogo, moja nyembamba. Nene ni za omu hamsini, za vipimo vyetu, vile vyombo vya kupimia laini. Nyembamba ni za sabini na tano, za paneli, ambamo ndimo simu za watu hupita. Ukasema nyembamba ukiiweka kwenye tundu la nene haishiki, utajua papo hapo. Lakini nene ukiiweka kwenye tundu la nyembamba itaingia, ukisukuma kidogo. Itaingia na itafanya kazi. "Na huo ndio ubaya wake," ulisema, "inafanya kazi. Siku utakapoitoa ndipo utakuta tundu limepanuka, na ile nyembamba iliyo halali ikirudi humo inacheza kama jino la mtoto."

Nikakuuliza kwa nini waliozitengeneza hawakuzifanya tofauti kabisa. Ukasema, "Wangefanya hivyo, mimi na wewe tungekula wapi?"

Na kwa kuwa hukumwamini mtu yeyote kukumbuka, hata wewe mwenyewe, ulifunga nyuzi. Kwenye za sabini na tano uzi wa kijani, kwenye za hamsini uzi mwekundu, sufi za Mama Wangare alizobakiza akifuma. Nyekundu ilikuwa ni ya sweta yako. Kituo kizima kiliijua sweta ile. Dereva alikuwa akikuona unapanda njia ya miguu kwa mbali anasema, "Taa ya hatari inakuja."

Hakuna kitabu chochote kutoka Nairobi kilichosema tufunge nyuzi. Ilikuwa ni desturi yako. Na kwa miaka mitatu haikutokea hata mara moja plagi kuingia pasipo pake.

Sasa nifike pale pagumu.

Unakumbuka barua zangu. Nilikuambia habari zake tukila githeri nyuma ya jenereta, kwamba kabla Salome hajanikubali nilikuwa nimemwandikia barua thelathini na moja bila kutuma hata moja. Ulicheka mpaka ukatoa miwani. Ukasema, "Mtu anayepitisha maneno ya nchi nzima, na yake ameyaweka chini ya godoro." Nikakuambia nitampa zote siku ya harusi. Ukasema vizuri, basi zifunge vizuri, usimpe kama kuni.

Jumatano ya wiki ya harusi nilikuwa peke yangu, nimetoa waya namba nne kuisafisha. Namba nne ni ya hamsini. Barua zilikuwa mfukoni mwa koti, nimezifunga kwa kamba ya katani, na ile katani ilinichukiza, ilikuwa kama ya kufungia jogoo. Nikaona uzi mwekundu. Nikaufungua kwenye waya, nikaufunga kwenye barua, ukapendeza sana. Nikasema nitakuomba mwingine kesho. Waya nikaiacha pale pale mezani, bila uzi, miongoni mwa nyingine zilizosafishwa.

Kesho yake sikukumbuka kitu. Mzee, unajua nilivyokuwa wiki ile. Nilivaa overoli upande wa ndani nje.

Ijumaa ulitangulia Njoro kwa ajili yangu. Baba yangu hayupo, ukakubali kusimama mahali pake, na ukataka kuwahi kuonana tena na wazee wa kwao Salome kabla ya Jumamosi. Ukaniachia funguo za droo. Mchana niliona waya moja ya paneli imepata ufa shingoni, ikabidi ibadilishwe. Chini Landrova ilikuwa inapiga honi, ndiyo gari la mwisho, nimeshaoga, nanukia sabuni, harusi ni kesho. Nikachukua iliyokuwa mezani. Haikuwa na uzi wowote, na mimi sikuigusisha ukucha.

Ilikaza. Nakumbuka sasa kwamba ilikaza. Nikasukuma kidogo, ikaingia, taa ikawaka, nikakimbia.

Na siku ile ile, au labda saa ile ile, wewe ulikuwa umeketi mbele ya wajomba wa Salome, na mmoja wao, yule mwenye kikohozi, akauliza, "Huyu kijana kazi yake ni nini hasa, anachomeka waya?" Nilisimuliwa baadaye, nimesimuliwa mara nyingi, wanapenda kuisimulia. Ukajibu, "Anachomeka waya, ndiyo. Na wewe ukipiga simu Kitale unapita mikononi mwake. Miaka mitatu niko naye, sijamwona akilazimisha kitu kuingia mahali kisipotaka. Mtoto wenu yuko salama." Wazee wakacheka, na maneno yakaishia hapo.

Kila nikiyakumbuka maneno hayo nakaa chini.

Yaliyofuata unayajua wewe, Mzee, kuliko mimi. Mimi nilikuwa likizo, wiki nzima Njoro, nimelewa mapenzi. Niliporudi, waya halali ilikuwa kwenye paneli, kila kitu mahali pake, nikasahau hata kuuliza. Halafu simu zikaanza kukatika. Si kila siku. Upepo ukivuma, mlango ukifungwa kwa kishindo, mtu akigusa meza. Nilikuona umeifunga ile plagi kwa kitambaa ili isitikisike, nikafikiri ni uzee, nikakuonea huruma. Ndiyo, nilikuonea huruma. Kisha ikaja alasiri ile ya hotuba ya Rais, redio ya upande wote wa magharibi, ambayo nayo hupita kwenye paneli yetu, ikanyamaza karibu saa nzima, na wiki iliyofuata wakaja wakubwa wawili na mikoba yao.

Nilikuwepo. Nilikuwa nimekushikia kipimo. Wakauliza, "Nani anashika paneli hii?" Ukasema wewe. "Na funguo za droo hukaa na nani?" Ukasema kwako. Mmoja akakutaka usome maandishi madogo ubavuni mwa kipimo. Ukavua miwani, ukaipangusa, ukaivaa, na wale wawili wakaangaliana. Ni hivyo tu. Ulikuwa umebakisha mwaka na miezi michache ustaafu kwa heshima, wakakuandikia kwamba macho hayafai tena. Nilikasirika kwa ajili yako. Nilimwambia Salome, watu hawa hawana haya, wanatafuta tu wa kumtupia lawama. Nilisema hivyo nikila chakula, na mkosaji nilikuwa mimi.

Miezi miwili baadaye kifua kikakushika.

Huko Subukia mvua ilikuwa imenyesha, tukakubeba hadi kaburini kwa kuteleza. Watu walikuwa wengi. Nyuma yangu wanaume wawili walikuwa wananong'ona kwamba Hezroni aliharibu mitambo ya serikali kwa sababu alikuwa haoni. Binti yako Wangare alisikia, nikaona mabega yake yakishuka. Baada ya maombi Mama Wangare akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili, akaniuliza polepole, kama mtu anayeuliza njia, "Daudi, wewe ulikuwa naye. Alikosea wapi?"

Nikasema, "Sijui, Mama."

Siku ile lilikuwa jibu la kweli. Siku kumi baadaye halikuwa kweli tena, na bado ndilo alilo nalo.

Ilikuwa Jumapili, tumetoka kanisani. Salome aliketi kitandani miguu imekunjwa, akazitoa zile barua thelathini na moja, akaanza kunisomea ya tisa kwa sauti ya mhubiri, ile niliyomfananisha na maporomoko ya maji ya Thomson's Falls, akawa hajiwezi kwa kicheko. Uzi alikuwa ameuzungusha kwenye kifundo cha mkono kama bangili. Akaunyoosha nione. "Sufi hii nzuri uliitoa wapi?" akasema. "Ni kama ile sweta ya Mzee."

Nilisikia baridi kuanzia masikioni. Nilitoka nikapanda kilima kwa miguu na nguo za kanisani.

Kituoni nilifungua droo ya chini. Namba nne ilikuwemo, imekunjwa kwa kipimo cha kikombe, imevaa kofia zake mbili, na shingoni ina uzi mwekundu mpya, na fundo ni lako, lile la kugeuza mara mbili ambalo sijawahi kuliweza. Nikasimama nalo. Nikaenda kwenye paneli, tundu la saba, nikafungua kitambaa chako, nikatikisa plagi. Ikacheza kama jino la mtoto.

Hapo nilijua kwamba ni mimi. Lakini sikuwa nimejua bado yote. Nilijiambia labda uliiona tu waya haina uzi, ukaifunga mwingine, ukaendelea na kazi yako.

Ijumaa iliyofuata Landrova ilileta kifurushi kutoka stoo ya Nairobi, kidogo, cha kutosha kiganjani, kina jina lako. Ndani soketi moja mpya ya sabini na tano, na nakala ya fomu ya kuagizia kwa mwandiko wako, zile saba zako zenye mkanda kiunoni. Tarehe ni Jumatatu. Jumatatu ile, Mzee, mimi nikiwa Njoro nakula wali uliobaki wa harusi. Na pale panapoulizwa sababu ya kuagiza umeandika: imechakaa kwa matumizi.

Imechakaa. Wewe ambaye hukuniruhusu kuandika kwenye kitabu cha hitilafu kwamba balbu imeungua kama sijaijaribu mara mbili.

Ulijua tangu Jumatatu. Uliitoa kwa mkono wako, uligusa pini kwa ukucha, ukasoma zamu ya Ijumaa ukaona jina langu. Ukafunga uzi mpya, ukaagiza soketi, ukaweka kitambaa, ukangoja stoo ambayo haina haraka na mtu. Walipokuja wale wawili ungesema neno moja tu. Nilikuwa sijathibitishwa kazini, ningeteremka kilima siku hiyo hiyo, na bibi wa wiki chache, na wajomba wakiuliza kama kuchomeka waya nako kunashinda mtu. Ukasema funguo hukaa kwako. Na kwa Mama Wangare hukusema kabisa, maana angejua asingeniuliza.

Kwa nini hukuniambia hata mimi? Ungenigombeza. Ungenifanya nioshe plagi zote upya. Nimekaa na swali hili na hakuna pa kulipeleka.

Nilifanya nililoweza, nalo ni dogo. Niliweka soketi mpya Jumapili, nikiigusisha ukucha kila hatua kama kipofu. Tangu hapo simu haijakatika hata mara moja, na upepo umevuma. Nikaandika kwenye kitabu: soketi ya saba ilipanuliwa na waya ya hamsini, aliyeiingiza ni mimi, si Mzee Hezroni. Mkuu wa kituo, Bwana Rono, akasoma, akaufunika ukurasa kwa kiganja. Akasema, "Daudi, kitabu hiki ni cha hitilafu, si cha kutubu." Nikamwambia hii ni hitilafu. Akaniruhusu niyaache maandishi, lakini akasema mtu ameshazikwa, nami nina bibi kijana, niende nyumbani.

Nikaandikia Nairobi. Nilinakili barua mara nne iwe safi. Nilifikiri watanifukuza, na Salome aliketi nami mezani tukangoja kufukuzwa, hata tukahesabu vyombo vyetu vitaingia masanduku mangapi. Jibu lilikuja mistari miwili. Faili imefungwa kwa kuwa mhusika amefariki. Na chini yake, kwa mkono mwingine, kwamba mimi sasa nimethibitishwa kazini.

Hawanipi adhabu hata nikiiomba. Siwezi kukurudishia kazi. Siwezi kukurudishia nyumba, Salome ameshapanda sukumawiki. Nikisimama kwenye paneli kila kitu kinafanya kazi vizuri kabisa, na mimi sina kazi yoyote ninayoweza kukufanyia. Juzi mtu wa Kisumu aliniambia kwenye laini ya mafundi, "Siku hizi nyinyi huko Nakuru mko safi, yule mzee kumbe ndiye alikuwa shida." Nikamwambia hapana. Nikamwambia yote. Akasema, "Pole, bwana, lakini mimi nilikuwa naongea tu." Nafikiri nitakuwa hivyo maisha yangu yote, namweleza kila mtu anayeongea tu.

Salome nilimwambia jioni ile ile ya Jumapili niliposhuka kilima na viatu vimejaa tope. Hakulia. Alivua uzi mkononi, akauweka mezani kati yetu, akasema, "Barua zangu umezifunga na uzi wa mtu." Kisha akatoka, nikamsikia akimwagilia sukumawiki kwa muda mrefu, na mvua ilikuwa imenyesha. Niliogopa kwamba nimemharibu naye. Aliporudi alikuwa na matope miguuni. Akasema, "Mama Wangare amekuuliza swali. Huwezi kumjibu kwa posta. Na hutaenda peke yako." Nikasema anaweza asitupe hata maji. Akasema, "Basi tutakunywa kabla ya kwenda."

Unaona niliyemwoa, Mzee. Unaona ulichonisimamia.

Tangu hapo naahirisha. Wiki moja zamu, wiki moja mvua, wiki moja nikangoja hilo jibu la Nairobi niwe na karatasi ya kumwonyesha. Sasa karatasi imekuja na haina kitu cha kumwonyesha. Nitaenda hivi hivi. Namba nne nimeiacha droo ya chini na uzi wako na fundo lako, na Bwana Rono ameahidi hakuna atakayeugusa. Ule wa kwanza Salome ameukunja ndani ya leso. Mama Wangare atautambua kabla sijafungua mdomo, ni mkono wake uliousokota. Soketi iliyopanuka ninayo mfukoni, naigusa gusa mpaka imekuwa na joto.

Nimejaribu kupanga maneno na yote yanakataa. Moja tu linakaa. Aliuliza ulikosea wapi. Hukukosea. Nitaanza na hilo nikiwa bado nimesimama, sitaketi kwanza, sitakubali chai kwanza. Na nitalisema kwa sauti ya kufika kwa majirani, wale wanaume wawili wanaishi nyumba ya pili. Mengine yatafuata au hayatafuata. Akitukaribisha ndani tutaingia. Akitufungia mlango, wewe uko hatua chache tu nyuma ya shamba la kahawa, tutakuja tukae kwako mpaka gari la jioni.

Mwezi huu umebakisha Jumapili mbili. Ya kwanza Salome anapeleka watoto wa shule kuimba mjini. Ya pili ni yetu. Tutatoka asubuhi, pazia zikiwa bado na mwanga. Kabla mwezi haujaisha, Mzee, tutakuwa mlangoni kwako.

Ni mimi mwanafunzi wako,
Daudi